Viti 25 vya Mogadishu: Maisha ya Meja Jenerali Mohamed Siad Barre

Anayeteremka kutoka kilima cha Mengo kuelekea soko la Owino, hapa Kampala, hupita Kisenyi. Ni mtaa wa mashine za kusaga mahindi, wa mafundi wa vyuma, wa maduka ya nguo na ya kubadilishia fedha. Ni mtaa pia wa Wasomali. Baadhi ya familia zao zilikuwapo Uganda tangu enzi za Mwingereza, lakini walio wengi walikuja baada ya mwaka 1991, au ni watoto wa waliokuja wakati huo. Jioni, baada ya sala, wazee hukaa nje ya mikahawa wakinywa chai ya maziwa. Mtu akitaka kuwagawa mafungu mawili papo hapo, hana haja ya kuleta habari za mpira wala za bei ya mafuta. Ataje tu jina la Mohamed Siad Barre.

Wako watakaokumbusha kwamba ni katika utawala wake Wasomali walipoanza kuandika na kusoma kwa lugha ya mama zao. Wako watakaonyamaza na kutazama chini, kwa sababu wanakumbuka Hargeisa. Makala haya hayakusudii kuwapatanisha wazee hao. Yanakusudia kueleza jambo ambalo aghalabu husahaulika katika mabishano ya namna hiyo: kwamba mtu huyu hakutawala peke yake kwa miaka 21. Alitawala kwa mabaraza na kamati, na wanaume wengi wenye vyeo waliketi naye mezani. Habari ya viti hivyo, na ya jinsi vilivyobaki vitupu kimoja baada ya kingine, ndiyo habari ya Somalia yenyewe.

KUTOKA MACHUNGANI HADI JESHINI

Kumbukumbu za serikali yake zilimtaja Siad Barre kuwa alizaliwa mwaka 1919 huko Garbahaarey, katika nchi ya wafugaji, kusini-magharibi mwa Somalia. Baba yake alikuwa wa ukoo wa Marehan, na mama yake wa ukoo wa Ogaden. Msomaji na aziweke koo hizo mbili moyoni, maana zitarudi mbele. Wazazi wake walifariki angali mtoto, akakua akichunga mifugo. Wenzake walimpa jina la utani la Afweyne, yaani mwenye mdomo mkubwa, na jina hilo likamfuata hadi kaburini.

Njia ya kijana maskini kupata cheo katika siku zile ilikuwa moja: kuvaa sare. Waingereza walipowatoa Waitalia kusini mwa Somalia mwaka 1941, Siad Barre aliingia katika polisi, akapanda mpaka cheo cha inspekta mkuu, ambacho Mwafrika hakuweza kukipita wakati huo. Waitalia waliporudi mwaka 1950 kuisimamia nchi kwa niaba ya Umoja wa Mataifa, alipelekwa Italia kujifunza katika chuo cha polisi wa kijeshi. Ulipofika uhuru, tarehe 1 Julai 1960, na sehemu ya Mwingereza ikaungana na sehemu ya Mwitalia kuwa jamhuri moja, alihamia katika jeshi jipya akiwa naibu wa Jenerali Daud Abdulle Hirsi. Jenerali Daud alipofariki mwaka 1965, Siad Barre akawa Mkuu wa Jeshi.

Jeshi hilo lilikuwa linakua kwa haraka. Tangu mwaka 1963 Urusi ya Kisovieti ilikuwa ikilipatia silaha na kuwafundisha maofisa wake. Vijana walirudi kutoka Urusi wakiwa wamejifunza vifaru na ndege, na pia wamejifunza namna chama kimoja kinavyoweza kushika nchi nzima. Nyumbani walikuta vyama zaidi ya 60 vikigombea viti vya Bunge katika uchaguzi wa Machi 1969, vingi vikiwa ni koo zilizovaa majina ya vyama. Baada ya uchaguzi, wabunge karibu wote walihamia chama kilichotawala ili wapate kugawiwa. Wananchi walichoka.

USIKU WA OKTOBA

Tarehe 15 Oktoba 1969 Rais Abdirashid Ali Shermarke alipigwa risasi na askari polisi mjini Las Anod, kaskazini mwa nchi. Wanasiasa wakaanza kupimana nguvu juu ya nani atakuwa rais. Hawakupewa nafasi. Usiku wa kuamkia tarehe 21 Oktoba, jeshi likisaidiwa na polisi lilitwaa Mogadishu bila kumwaga damu. Waziri Mkuu Mohamed Ibrahim Egal akawekwa kizuizini. Katiba ilisimamishwa, Bunge likavunjwa, Mahakama Kuu ikafutwa na vyama vikapigwa marufuku. Nchi ikapewa jina jipya, Jamhuri ya Kidemokrasia ya Somalia.

Mahali pa vyombo hivyo vyote pakaketi Baraza Kuu la Mapinduzi, lenye wajumbe 25, wote maofisa wa jeshi na polisi. Mwenyekiti wake alikuwa Meja Jenerali Siad Barre. Makamu wake wa kwanza alikuwa mkuu wa polisi, Jenerali Jama Ali Korshel. Wakati huo hakuna aliyekuwa na hakika kwamba Mwenyekiti ndiye angekuwa mwenye nchi. Wengi walidhani ni mzee wa kati na kati aliyewekwa mbele na vijana waliopanga mambo. Walikosea sana.

JINSI MTAMBO ULIVYOFANYA KAZI

Katika siku ya kuadhimisha mwaka mmoja, Oktoba 1970, Mwenyekiti alitangaza kwamba Somalia itafuata ujamaa wa kisayansi. Ili kuuelewa utawala huo yafaa kuutazama kama mtambo wenye ngazi.

Juu kabisa lilikuwa Baraza la watu 25, ambalo kamati zake zilisimamia kazi zote za serikali. Chini yake walikuwa Makatibu wa Nchi, wengi wao raia wenye elimu, walioendesha wizara lakini hawakuwa na sauti ya mwisho. Mikoani na wilayani maofisa wa jeshi waliongoza mabaraza ya mapinduzi ya mahali hapo. Mitaani vilijengwa vituo vya uelekezaji, ambamo watu walikusanyika kusikiliza mafunzo ya siasa, na hata kufungishwa ndoa, chini ya picha tatu zilizopangwa ukutani: Marx, Lenin na Siad Barre mwenyewe.

Kando ya ngazi hizo vilisimama vyombo vya kutisha. Idara ya Usalama wa Taifa, iliyojengwa kwa msaada wa wataalamu wa Kisovieti, iliweza kumkamata mtu na kumweka bila kumshtaki. Sheria namba 54 ya mwaka 1970 iliweka adhabu ya kifo kwa makosa mengi yaliyoitwa ya kuhatarisha usalama, na Mahakama ya Usalama wa Taifa, yenye majaji wanajeshi, ndiyo iliyoyahukumu. Mwaka 1972 wakaongezwa vijana wa Guulwade, waliovaa sare yao na kuchunguza nani anahudhuria mikutano na nani hahudhurii. Mkuu wa Usalama, Ahmed Suleiman Abdulle, alikuwa mkwewe Mwenyekiti.

Ukiutazama mtambo huo kwa jicho la askari, utaona kosa lake mara moja. Katika jeshi lililopangwa vizuri, amri hushuka kwa ngazi inayojulikana, na kila mwenye cheo anajua nani yuko juu yake na nani yuko kando yake. Katika Mogadishu ya Siad Barre vyombo vilikuwa vingi, vyote vikiangaliana, na vilikutana mahali pamoja tu: mezani pa Mwenyekiti, ambaye alikuwa na mazoea ya kufanya kazi na kupokea wageni usiku wa manane.

Hata hivyo haki ni kusema yote. Katika miaka ile ya mwanzo mtambo ulifanya pia kazi njema. Oktoba 1972 serikali ilimaliza ubishi wa miaka mingi kwa kuchagua herufi za Kilatini kwa lugha ya Kisomali. Mwaka 1974 shule za sekondari zilifungwa na wanafunzi na walimu wapatao 25,000 wakapelekwa vijijini na machungani kufundisha watu kusoma. Ukame mkali ulipoangamiza mifugo mwaka huo na uliofuata, makumi ya maelfu ya wafugaji walihamishwa kwenda mashambani na pwani, wakafundishwa kulima na kuvua. Ukabila ulikatazwa hadharani, na sanamu yake ikachomwa moto mbele ya umati. Watu waliacha kuulizana koo zao wakaitana Jaalle, yaani ndugu katika mapambano.

WAJUMBE WALA WENZAO

Lakini viti vilikuwa vimeanza kupungua. Aprili 1970, miezi sita tu baada ya mapinduzi, Jenerali Korshel, makamu wa kwanza, alikamatwa kwa kudaiwa kula njama. Mei 1971 walikamatwa wengine wawili wazito zaidi: Jenerali Mohamed Ainanshe Guleid, makamu wa rais, na Jenerali Salaad Gabeyre Kediye, aliyepata kuwa Katibu wa Ulinzi, ambaye wengi walimhesabu kuwa miongoni mwa waliobuni mapinduzi yenyewe. Pamoja nao alishtakiwa Kanali Abdulkadir Dheel Abdulle. Tarehe 3 Julai 1972 watatu hao walipigwa risasi mbele ya hadhara mjini Mogadishu.

Hapa ndipo penye fundo la habari hii. Baraza lililobaki lilikuwa na maofisa shupavu, wenye silaha na vikosi. Wangaliweza kusema kwamba mwenzao hauawi bila wao kuridhika. Hawakusema. Kila mmoja alidhani kwamba akikaa kimya kiti chake kitakuwa salama, na pengine kiti cha jirani kitakuwa chake. Tangu siku ile Baraza halikuwa baraza tena. Lilikuwa chumba cha watu wanaosubiri zamu.

Dunia ya nje haikuyaona hayo. Miezi mitatu baadaye Uganda na Tanzania zilikuwa karibu kupigana, baada ya wafuasi wa Rais Milton Obote kuvuka mpaka wakitoka Tanzania mnamo Septemba 1972. Ni Somalia iliyosuluhisha. Mapatano yalitiwa sahihi Mogadishu tarehe 5 Oktoba 1972, na mmoja wa waliofanya kazi kubwa alikuwa waziri wa mambo ya nje wa Siad Barre, Omar Arteh Ghalib. Mwaka 1974 wakuu wa nchi za Afrika walikutana Mogadishu, naye Siad Barre akawa Mwenyekiti wa Umoja wa Nchi Huru za Afrika. Julai mwaka huohuo alitiliana na Wasovieti mkataba wa urafiki. Nyumbani, Januari 1975, mashehe kumi waliopinga sheria mpya ya familia waliuawa kwa hukumu ya mahakama ile ya usalama.

KUTOKA 25 HADI WATANO

Wasovieti walikuwa wakihimiza kwa muda mrefu kwamba mapinduzi yasiyo na chama hayana mizizi. Julai 1976 Baraza Kuu likavunjwa na Chama cha Kisoshalisti cha Mapinduzi ya Somalia kikaundwa. Kilikuwa na Kamati Kuu ya wajumbe 73, na juu yake Politbiro ya watu watano. Msomaji angeweza kudhani kwamba raia sasa wamerudishiwa nchi yao. Na ayatazame majina: Siad Barre, Katibu Mkuu, Jenerali Mohamed Ali Samatar, Waziri wa Ulinzi, Hussein Kulmiye Afrah, aliyetoka polisi, Ismail Ali Abokor, mwanajeshi, na Ahmed Suleiman Abdulle, mkwewe, mkuu wa Usalama. Watano wote walitoka katika sare. Jina la chombo lilikuwa limerefuka, ila mduara ulikuwa umefupika.

Watano hao ndio waliokuwa juu ya nchi Somalia ilipoingia vita vya Ogaden mwaka 1977. Jeshi liliteka sehemu kubwa ya ardhi hiyo ya Ethiopia ikaayo Wasomali. Lakini Wasovieti waligeuka kuisaidia Ethiopia, Novemba mwaka huo Siad Barre akawafukuza, na mnamo Machi 1978 majeshi ya Ethiopia yakisaidiwa na Wakuba yaliwarudisha Wasomali nyuma ya mpaka. Aprili 1978 maofisa wenye hasira walijaribu kumpindua wakashindwa, na 17 kati yao waliuawa mwezi Oktoba. Kwa kuwa viongozi wengi wa njama hiyo walikuwa wa ukoo wa Majerteen, watu wa ukoo huo katika nchi kavu ya Mudug waliadhibiwa kwa kubomolewa mabirika yao ya maji. Ukoo uliochomwa moto kwa sanamu sasa ulirudi ukiwa na bunduki ya serikali.

Wananchi walikuwa tayari na herufi tatu walizozinong'ona kwa siri, M, O na D: Marehan, ukoo wa baba yake, Ogaden, ukoo wa mama yake, Dulbahante, ukoo wa mkwewe, mkuu wa Usalama. Hiyo ndiyo iliyokuwa kamati halisi, isiyoandikwa katika katiba yoyote.

Mwaka 1980 alitangaza hali ya hatari na kulifufua lile Baraza Kuu la Mapinduzi, kana kwamba mtu anaweza kuwafufua wafu kwa tangazo la redio. Ujamaa wa kisayansi ulibaki katika mabango, ilhali Agosti mwaka huo Wamarekani walipewa ruhusa ya kutumia bandari ya Berbera. Juni 1982 ikaja zamu ya wengine: Ismail Ali Abokor, mmoja wa wale watano, na Omar Arteh Ghalib, msuluhishi wa mwaka 1972, walikamatwa. Walikaa gerezani miaka karibu sita kabla ya kufikishwa mahakamani, wakahukumiwa kifo mwaka 1988, kisha wakapunguziwa adhabu.

KUTOKA WATANO HADI NYUMBA MOJA

Tarehe 23 Mei 1986 gari la Rais lilipata ajali karibu na Mogadishu usiku wa mvua. Aliumia vibaya, akapelekwa Saudi Arabia. Jenerali Samatar, makamu wake, alishika nafasi kwa muda. Katika wiki hizo ilionekana wazi nani alikuwa na nchi. Watu wa ukoo wa Marehan na jamaa wa Rais hawakutaka mtu wa nje arithi, seuze Samatar, aliyetoka katika jamii ndogo isiyo na nguvu ya ukoo. Rais alirudi akiwa dhaifu, na Desemba akatangazwa mshindi wa uchaguzi wa mgombea mmoja kwa zaidi ya asilimia 99. Samatar alifanywa Waziri Mkuu mwaka uliofuata, cheo kikubwa chenye uwezo mdogo. Mwana wa Rais, Maslah, alikuwa jenerali. Jamaa yake, Abdirahman Jama Barre, alikuwa ameongoza Wizara ya Mambo ya Nje kwa karibu miaka kumi.

Mei 1988 wapiganaji wa Harakati ya Taifa ya Somalia, iliyoundwa mwaka 1981, waliingia Hargeisa na Burao. Jibu la serikali lilikuwa kuipiga miji hiyo kwa mizinga na ndege, na ndege zilizoipiga Hargeisa ziliruka kutoka uwanja wa Hargeisa wenyewe. Makumi ya maelfu ya raia walikufa na mamia ya maelfu walikimbilia Ethiopia. Leo ndege moja ya namna hiyo imewekwa juu ya mnara katikati ya mji huo, iwe kumbukumbu. Wajumbe waliokaa kimya mwaka 1972 kwa ajili ya wenzao watatu sasa walikuwa wakikaa kimya kwa ajili ya miji mizima. Kimya hicho hakikusahauliwa: mwaka 2012 mahakama moja ya Marekani ilimwamuru Samatar, aliyekuwa akiishi huko, kuwalipa waathiriwa dola milioni 21.

Mei 1990 watu mashuhuri 114 walitia sahihi waraka wa kumtaka Rais aachie nafasi na kuitisha mkutano wa mapatano. Aliwakamata wengi wao. Mwisho wa Desemba vita viliingia Mogadishu. Katika siku za mwisho za Januari 1991 Siad Barre alimteua Waziri Mkuu mpya, na ajabu ya mambo, alikuwa Omar Arteh Ghalib, yule aliyemfunga. Ilikuwa kama mtu anayebisha mlango wa nyumba aliyokwisha kuichoma. Siku chache baadaye, usiku wa tarehe 26 Januari, alitoka Mogadishu na msafara wa kijeshi.

Alijaribu kurudi kwa nguvu akashindwa. Mwaka 1992 alivuka kwenda Kenya, kisha Nigeria ikampokea. Alifariki Lagos tarehe 2 Januari 1995, mwili wake ukarudishwa kuzikwa Garbahaarey. Jirani yake wa Ethiopia, Mengistu Haile Mariam, ambaye naye alianza na kamati ya wanajeshi na kumaliza na chama kilichoitwa cha wafanyakazi, alikuwa amekimbia nchi yake Mei 1991, miezi minne tu baada yake.

FUNZO

Madikteta huondoka mahali pengi na nchi ikabaki. Somalia haikubaki na kitu, kwa sababu kila chombo ambacho kingaliweza kupokea madaraka kilikuwa kimekwisha kuliwa. Bunge liliuawa kwa Baraza, Baraza kwa Politbiro, Politbiro kwa ukoo, na ukoo kwa nyumba moja. Hata jeshi, lililokuwa miongoni mwa makubwa katika Afrika, lilivunjika vipande vya koo, kila kipande kikaenda na bunduki zake. Jeshi linalomtumikia mtu hufa siku mtu huyo anapokimbia.

Wanajeshi wa Uganda, waliokuwa wa kwanza kuingia Mogadishu chini ya Umoja wa Afrika mnamo Machi 2007, waliyakuta magofu ya mwisho huo. Walilinda bandari, uwanja wa ndege na Ikulu ya Villa Somalia, nyumba ambamo Siad Barre alikuwa akikesha. Hawakukuta jeshi la taifa la kukabidhiana nalo zamu. Ilibidi lijengwe upya, askari mmoja mmoja, na kazi hiyo imegharimu maisha ya Waganda wengi.

Wazee wa Kisenyi wataendelea kubishana juu ya Afweyne, na ni haki yao, maana alfabeti ni yake na magofu ni yake. Lakini vijana wanaowasikiliza, na hasa wale watakaovaa sare siku moja katika nchi yoyote, na wasiulize habari za mwenye kiti cha mbele peke yake. Na waulize pia walikuwa wapi wale wengine 24.